Namna ya kutafuta mutu mulipotezana: simu, intaneti na karatasi za serikali, kutokea hapa Goma

Mutu akipotea, kitu ya kwanza watu wanafanya ni kubandika picha yake ku Facebook, numero yao chini, "sambazeni tafadhali", kisha wanangoja. Sikatai, kuna wenye walipatikana hivyo. Lakini mara mingi ile picha inaleta matapeli mbele ya kuleta mutu, na kuna njia zingine za kutulia zaidi zenye watu wa hapa hawazijue, ao wanafikiri ni za wakubwa na wazungu tu.

Mimi nafanya kazi ku sekretaria publike mu Birere, naandikia watu barua, CV, maombi ya viza, na tangu mwezi wa kwanza wa 2025, wakati vita iliingia Goma, kazi yenye inarudia sana ni hii ya kutafuta watu. Makambi ya Bulengo, Lushagala na Kanyaruchinya, pale wenye walikimbia vita walikuwa wanakaa, iliisha mu siku chache, wengine wakarudi Masisi na Rutshuru, wengine wakavuka mupaka, simu zikaibiwa, SIM zikafungwa, na mutu anabaki na jina tu mu kichwa. Kuna hata wenye wanatafuta watu wa mbali zaidi, wa 2002 wakati moto ya volkano ya Nyiragongo ilipita katikati ya mji, ao wa usiku wa tarehe 22 Mei 2021 wakati ililipuka tena na watu wakakimbilia Rubavu wengine Sake, kila mutu na njia yake. Basi naandika hapa zote zenye naonaka zinasaidia, kusudi mwenye hana mutu wa kumuonesha ajifanyie mwenyewe.

Kitu moja niiseme mapema juu ndiyo inaongoza zote zenye zinafata. Usitafute pale mutu analala, tafuta njia ya kumufikishia neno. Ni mambo mbili tofauti kabisa. Kuna mama mwenye alikimbia bwana mwenye alikuwa anamupiga, kuna kijana mwenye alikimbia kuingizwa ku vita, kuna mutu mwenye jina yake ikionekana pamoja na kartie yake anaweza kuuawa. Wewe unamutafuta kwa upendo, sawa, lakini njia yenye unafungua, mwingine mwenye hana upendo anaweza kupitia hapo hapo. Ukimufikishia neno, yeye mwenyewe njo atachagua kukujibu ao kunyamaza. Na hata sheria iko upande huo: Katiba ya 2006 mu artikle ya 31 inalinda maisha ya siri ya mutu na mawasiliano yake, na Code du numérique, ile sheria ya mambo ya intaneti, ya tarehe 13 mwezi wa tatu 2023 inalinda data za watu.

Chukua kaye (daftari) kwanza, simu baadaye

Watu wanapenda kuruka hii, na ndiyo yenye inakosesha wengi. Kaa chini na mama, na bibi, na mwenye alimujua ule mutu vizuri, andikeni kila kitu: jina zote, mwaka wa kuzaliwa hata ya kukadirisha, teritware na grupma ya baba, masomo (shule) yenye alisomea na mwaka gani alimaliza, kanisa, korale, kazi, manumero zote za zamani, jina ya mama yake, jina ya bibi ao bwana yake. Jina ya mama usiisahau, maana ku karatasi nyingi za kwetu wanaandika jina ya baba na ya mama, na ndiyo inatenganisha watu wawili wenye wanaitwa sawa.

Majina sasa. Huku kwetu karatasi iko na nom (jina ya kwanza), postnom (jina ya pili ya kwetu) na prénom (jina ya kizungu ao ya ubatizo), na kila nchi inaichanganya kwa namna yake. Mutu mwenye alizaliwa kisha 1972, wakati Mobutu alikataza majina ya kizungu, mara mingine hana prénom kabisa ku karatasi za zamani, ile ya ubatizo ilikuwa ya kanisani tu. Hivyo ukimutafuta na "Jeanne" utakosa, wakati ku diplome iko nom na postnom peke. Na kama alienda nje kama mkimbizi, prénom inawekwa mbele, nom inakuwa ya mwisho, postnom inaweza kupotea kabisa. Tarehe ya kuzaliwa nayo usiiamini sana: wengi wenye hawakujua siku yao waliandikishwa tarehe 1 mwezi wa kwanza.

Kisha namna ya kuandika. Hapa njo watu wanakosa mutu mwenye iko mbele ya macho yao. Majina ya Bukavu inaandikwa na "c" na "rh": Cikuru, Murhula. Sasa karani wa kambi ya Uganda ao Kenya yeye anaandika vile anasikia, Chikuru, Murula, na mwenye alipitia Kasai ao Katanga wanaweza kumuandika Tshikuru. Byamungu inakuwa Biamungu, ao Bya Mungu maneno mbili. L na R zinabadilishana mahali. Kwa hiyo mu kaye andika namna zote zenye unaweza kufikiri, moja kwa kila mustari, na utatafuta kila moja peke yake. Ni kazi ya kuchokesha, lakini hakuna njia ingine. Majina ya Kinande nayo iko na shida yake, juu inafata mutoto ni wa ngapi kuzaliwa mu nyumba: Paluku, Kambale, Kasereka, Masika, Kavira, Katungu, kila familia Butembo na Lubero iko nazo. Ukiandika "Kambale" peke utapata maelfu ya watu. Hapo unapashwa kuongeza kitu yenye inamufunga: masomo, kijiji, kazi, mwaka.

Numero ya zamani usiitupe

Hata kama haiite tena. Kwanza angalia mwanzo: 081, 082 na 083 ni Vodacom, 097, 098, 099 ni Airtel, 084, 085 na 089 ni Orange, 090 ni Africell. Mwenye anapiga kutokea nje anatosha ile 0 na kuweka +243. Inaonekana kitu kidogo lakini nimeona watu wa inje wanapiga miezi na 0 ndani na wanasema "aliisha kufa".

Iweke mu simu yako, fungua WhatsApp, ona kama kuna picha. Picha ya mutu mwenye haumujue haimaanishe aliuawa na simu ikachukuliwa, tafadhali usianze kulilia watu. Numero yenye haifanye kazi muda mrefu kampuni inaiuzisha upya kwa mutu mwingine. Mwandikie kwa heshima: "Jambo ndugu, hii numero zamani ilikuwa ya kaka yangu, kama kuna watu wengine wenye wanakupigia wakimutafuta, uwapatie yangu, aksanti." Hii naipenda sana, juu mwenye alinunua ile SIM mara mingi alishachoka kupigiwa na familia yote ya mwenye alikuwa nayo, anajua hata majina yao.

Mobile money nayo inasaidia kuhakikisha. Anza kama vile unatumia ile numero franka kidogo, na mara mingi mbele ya kuweka kodi ya siri jina ya mwenye numero inatokea. Isome, kisha katisha. Usiweke kodi. Inakuambia tu kama SIM ingali ku jina yake.

Angalia pia mu magrupe ya zamani ya WhatsApp, ya korale, ya promosio, ya ofisi. Mutu akibadilisha numero ndani ya WhatsApp kwa namna ya muzuri, grupe inaandika kama amebadilisha, na ile mustari inabaki mo hata kama hakuna mwenye aliisoma. Panda juu polepole mpaka tarehe zenye mulipotezana.

Zile programu zenye zinakuonesha jina ya kila numero, kama Truecaller, zinafanya kazi juu watu waliziachia listi yote ya manumero ya simu yao. Ukiiweka, unaweza kuachia na wewe manumero ya watu wote wenye walikuamini. Mu mji kama huu, na hii hali, mimi siiweke ku simu yangu na siishauri.

Kutafuta ku Google na ku Facebook

Ku Google weka jina ndani ya alama za kunukuu, hivi: "Murhula Bahati", kusudi itafute yote mbili pamoja na kwa hiyo mufatano. Kisha geuza: "Bahati Murhula". Kisha ongeza kitu: Walungu, ISP Bukavu, infirmier, pasteur. Andika kazi na masomo kwa Kifaransa juu karatasi za kwetu ziko mu Kifaransa, ukiandika "muganga" haitatoka kitu. Ukitaka karatasi tu, ongeza filetype:pdf kwa mwisho, na hapo njo utashangaa, malisti ya formasio, ya konkuru, ya wanafunzi, rapoti za mashirika, zote ziko mo. Ukitaka kutafuta ndani ya site moja tu, andika site: na jina ya ile site bila nafasi katikati.

Facebook tangu mwezi wa nne 2018 haikubali tena umutafute mutu kwa numero ya simu, kwa hiyo mwenye anakuambia iko na "mbinu" ya kufanya ile anataka franka zako. Tafuta kwa jina na mji, kisha ingia mu kurasa ya kijiji, ya masomo, ya parokia, tazama wenye wanaandika chini ya picha za mazishi na harusi. Sisi Wakongo hatuandikake sana juu yetu wenyewe lakini mazishi ya mujomba tutaandika wote. Mwenye hajibu anaweza kuwa hajaona: ujumbe ya mutu mwenye si rafiki inaenda mu sanduku ya pembeni ya maombi, na wengi hawaifungulake. Kwa hiyo usimuandikie yeye tu, andikia pia mutu moja wa karibu yake mwenye iko anaandika kila siku.

Na unaandika nini? Usiandike roman. Usiandike "umepotea wapi, tunakutafuta, uko mu kartie gani?" Andika namna hii:

"Jambo yaya. Mimi ni mutoto wa mwisho wa mama yenu mudogo wa Kitchanga, mwenye ulimuachia kapu ya bluu. Mama iko mzima. Hatuombe kitu, tunataka tu kujua kama uko muzima. Kama unapenda kujibu numero yangu ni hii. Kama haupendi, si kitu, tunakuombea."

Ile kapu ya bluu ni kitu yenye mutapeli hawezi kuijua, na haioneshe kitu yoyote ya hatari. Hakuna kartie, hakuna jina ya vita. Naandikaka hivi na wateja wangu na mara mingi mama anaangalia ile ujumbe kwa muda mrefu, anaongeza neno moja ya lugha ya kwao, na ndiyo ile neno inarudisha jibu.

Karatasi za serikali zenye kila mutu anaweza kusoma

Watu wanafikiri Kongo haina kitu ku intaneti. Iko nazo, tu zimetawanyika.

Egzama ya Serikali kwanza, ile ya kumaliza sekondari. Palmares, listi ya wenye walipita, inaonesha masomo, mwaka, jina na pursante. Wengi wanaiangalia kwa kufurahi tu, lakini kwa mwenye anatafuta mutu, ile mustari inakuambia mwaka ule alikuwa mu masomo ile, mu ile provensi. Hapo haupigie yeye, unapigia prefe wa ile masomo ao wale walimaliza naye, na unaacha neno.

CENI, tume ya uchaguzi, ilichapisha malisti ya wakandida wa uchaguzi wa tarehe 20 Desemba 2023, kila mutu na sirkonskripsio yake na chama yake. Kama ndugu yako ao mwalimu wake wa zamani aligombea, unaweza kumufikia kupitia ofisi ya chama. Masisi na Rutshuru hazikupiga kura ile mwaka juu ya vita, kwa hiyo kwa watu wa kule usitegemee sana hii.

Journal Officiel, gazeti ya serikali, njo yenye watu wanadharau, na mimi njo naipenda kuliko zote. Inatoka kwa kawaida tarehe 1 na tarehe 15 za mwezi, na manumero mengi ya zamani iko ku leganet.cd, bure. Ndani si sheria tu. Wakati waziri wa haki anapatia ASBL (shirika yenye haitafute faida) ao kanisa ruhusa ya kisheria, arete, ile karatasi ya waziri, inataja majina ya wenye wanaiongoza, na kazi ya kila mutu: prezida, sekretere, trezorie. Kama mutu wako alikuwa pasta ao alianzisha shirika ya wajane, jina yake inaweza kuwa mo, na hapo unaandikia shirika. Kuna pia kitu ingine: tribinali ikiita mutu mwenye makao yake haijulikane, usye (mutu wa tribinali mwenye anapeleka makaratasi yake) anabandika ile karatasi ku mulango ya tribinali na kutuma muhtasari yake ku Journal Officiel. Niliona familia zenye zilijua kwa hiyo njia kama jamaa yao alikuwa na kesi ya talaka ao ya parsele Kinshasa. Soma ile sehemu ya mwisho, watu wanaishiaka ku sheria za mwanzo wanafunga.

Kama mutu iko na biashara, kuna RCCM, kitabu ya serikali ya kuandikisha biashara. Tangu Kongo iliingia mu OHADA, umoja wa nchi za Afrika zenye sheria moja ya biashara, tarehe 12 Septemba 2012, kila biashara ya kisheria inapashwa kuwa na ile numero, inaanza na CD, kisha mji, kisha RCCM, mwaka, na letre: A ni mutu peke yake, B ni kampuni. Iangalie ku fakture, ku risiti, hata ku kibao ya mulango. Ukiwa na numero unaweza kuomba ekstre (kopi yake) ku grefe, ofisi ya makaratasi ya tribinali, na ekstre inaonesha nani anasimamia ile kampuni. Hii inasaidia pia mwenye anataka kulipa avansi kwa mutu wa mbali na anaogopa: mwombe numero ya RCCM, kisha uliza ku grefe ya mji yake kama ni ya kweli, mbele ya kutuma hata franka moja.

Wenye ndugu zao walienda kutafuta maisha Lubumbashi, Kolwezi, Likasi, kule kuna CAMI, ile kadastre ya migodi, iko na karte ku intaneti yenye inaonesha kila permi na jina ya kampuni yenye iko nayo. Na kontra nyingi za migodi ziko wazi ku resourcecontracts.org. Haitakupatia jina ya mufanyakazi, hapana, lakini kama ulichojua ni "anafanya kazi na Wachina karibu na kijiji fulani", karte itakuambia kampuni gani, na kampuni iko na ofisi, na ofisi inaweza kupokea barua.

Parsele na nyumba hapana, usipoteze mega yako. Fishi za konservatere wa matitre imobiliere ya hapa unaendea na miguu. Sawa na eta sivile ya komini. Na kwa mutu mwenye alikuwa Ndosho ao Majengo ao Mugunga, shefu wa avenida na wa nyumba kumi wanajua kuliko intaneti yote, enda uwasalimie.

Kama alivuka mupaka

Nakivale, Rwamwanja, Kyangwali, Kyaka II upande wa Uganda, Nyarugusu Tanzania, Kakuma Kenya, Dzaleka Malawi, watu wa Kivu wako mo kote. HCR, shirika ya UN ya wakimbizi, haitakupatia listi yao, hata ukilia, na ni vizuri hivyo. Kitu unaweza kufanya ni kuingia mu magrupe ya makorale na makanisa ya ile kambi, kila kambi iko nazo, na kuacha ujumbe kama ile ya juu.

Waliofika Marekani ni hadithi ingine, kule mambo mengi iko wazi. Kila kaunti inaweka karatasi za nyumba na za tribinali, na mingi inaweza kutafutwa kwa jina ku site ya kaunti yenyewe. Kuna masite yenye yanakusanya zile zote pamoja, Whitepages, Spokeo na zingine, zinakuonesha bure kidogo kisha zinaomba kulipa. Usilipe haraka. Zinachanganya watu wenye jina moja na zinaweka adrese ya miaka iliyopita, na Spokeo mu 2012 ilikubali kulipa dola 800,000 juu serikali ya kule iliishitaki kwa kuuzia waajiri fishi za watu bila kufata sheria. Zitumie tu kujua jimbo gani, kisha tafuta kanisa ya Wakongo ya ule mji. Kama munaogopa kama mutu alifungwa, jela za serikali kuu ziko na site ya kutafuta kwa jina yenye inarudi mpaka 1982, bure, na wenye walikamatwa juu ya karatasi za kuishi wako ku site ya ICE, polisi ya wahamiaji ya kule, pale unaweka ile numero yenye inaanza na A na nchi ya kuzaliwa, ao majina na nchi. Hapo njo namna zote za kuandika jina zenye uko nazo mu kaye zitakusaidia: ukiandika Cikuru na wao walimuandika Chikuru, itasema hakuna mutu.

Uingereza iko na Companies House, regista ya kampuni, bure kabisa, unaandika jina na inakuonesha kila kampuni yenye mutu anaongoza, pamoja na mwezi na mwaka wa kuzaliwa, siku hapana. Ubelgiji iko na Banque-Carrefour des Entreprises, regista ya namna ile, nayo bure, inafaa kwa wenye walifungua duka ao salon ao kampuni ya usafi, na wengi wa kwetu Brussels ndiyo kazi yao. Adrese yenye utaona ni ya biashara. Andika barua pale.

Croix-Rouge

Niliiweka nyuma lakini kama simu ya mutu ilizimika juu ya vita ungeanzia hapa, siku moja na ile ya kaye. Kazi ya kurudisha mawasiliano ya familia inafanywa na CICR, ile Komite ya kimataifa ya Croix-Rouge, pamoja na Croix-Rouge ya kwetu, na ni bure kuanzia mwanzo mpaka mwisho. Mwenye anaomba hata dola moja "ya dosie" si wao, kimbia. Unaenda na kaye yako, unaeleza, wanafungua ombi. Kama mutu yuko mahali simu haifike, wanaweza kukupatia karatasi ya ujumbe wa Croix-Rouge: unaandika habari za familia tu, nani alizaliwa, nani mugonjwa, mama iko muzima, hakuna siasa na hakuna mambo ya jeshi, na inakuwa wazi, juu wanaisoma mbele ya kuipeleka. Volontere anaibeba mukononi mpaka kijijini, na akirudi anarudi na jibu. Ukiwa nje ya nchi, anzia ku familylinks.icrc.org, unachagua nchi.

Na kama wamemupata, hawakuambie iko wapi mpaka yeye akubali. Familia zingine zinakasirika juu ya ile. Mimi nawaambiaka: kama siku moja mutu mubaya anakutafuta wewe, ungependa wafanye nini?

Watoto wenye walipotea ni kazi ya Croix-Rouge na DIVAS, ofisi ya serikali ya mambo ya jamii, usiwaweke ku Facebook. Hata kwa nia nzuri. Mutoto mwenye picha yake inazunguka na maneno "yuko peke yake, hana wazazi, yuko kartie fulani", mutu yeyote anaweza kuja kusema ni wake. Na kama wewe njo umemuokota mutoto, mupeleke kwao, uandike mahali ulimukuta na saa na nguo alikuwa amevaa, juu akiwa mudogo ile ndiyo itamutambulisha.

Matapeli

Wanakuja mapema. Ukibandika tangazo asubuhi, jioni simu inaita: "mama, mutoto wako tuko naye ku hospitali, tuma franka ya dawa haraka haraka." Haraka ndiyo alama yao. Mwambie akupatie mutoto aseme jina ya mbuzi wenu, ao nani alimupatia viatu vya ubatizo. Kama mutoto "hawezi kusema juu ya ugonjwa", omba jina ya hospitali na uipigie wewe mwenyewe, si kwa numero yenye yeye anakupatia. Picha yenye wanakutumia nayo, ipitishe mu Google Lens, inaweza kuwa picha ya mutu wa nchi ingine kabisa. Ku tangazo, kama lazima ubandike, acha kila mara vitu viwili vitatu siri, alama ya mwili, jina ya utani, kusudi ubaki na swali ya kuuliza. Na weka numero ya mutu moja tu wa familia, mwenye moyo wake unatulia, si numero ya mama.

Siku anajibu

Usipige simu papo hapo mukiwa watu kumi. Mujibu kwa maandishi, muulize ile swali ya siri, kisha umuulize yeye saa gani anaweza kuongea na nani anaruhusiwa kujua. Iko mahali gani, atasema akitaka. Usipige kapture ya majibu yake na kuiweka mu grupe ya familia, hata kama furaha imekujaa, juu mu ile grupe ya watu mia haujue nani anaonyesha nani. Mama anaweza kuambiwa mdomo kwa mdomo.

Kisha futa matangazo yote, kila mahali ulibandika, na wale walikusambazia uwaombe wafute zao, na uandike tu "alipatikana, Mungu asifiwe", bila kusema wapi. Na upite ku Croix-Rouge uwaambie wafunge ombi, juu volontere anaweza kuwa bado anatembea na jina yake mu vijiji vya Masisi.